Mama Aliyeshika Taa

Mliokuwa nami wiki iliyopita mnajua tulikofika. Mpiga picha wangu alinikimbia, akaenda kupiga matangazo ya sabuni, na kamera nzuri akaondoka nayo kwa sababu ilikuwa yake, nikabaki na yangu kuukuu. Ndoa yangu ilishaondoka kabla ya kamera. Nikawa nalala kwa dada yangu, chumba cha wanawe, kitanda cha chini cha ghorofa, kando ya meza ya kompyuta niliyokuwa nikihariria filamu.

Filamu yenyewe ni ile ile inayonitesa tangu mwanzo. Ni ya watu wanaoishi nyuma ya hospitali kuu. Waliugua ukoma zamani, wakatibiwa, wakapona. Walipopona, hakuna aliyekuja kuwachukua. Wakabaki hapo hapo, wakaoana, wakazaa watoto wazima, wakazeeka. Mjini watu wanasema "kule nyuma" tu, halafu wanabadilisha mazungumzo.

Na niliwaambia jinsi nilivyofungua mlango wa dada nikamkuta msichana mwenye koti jeupe la kazini, amesimama nje, hataki kuingia.

Alichosema ni hiki:

"Mkate mama yangu."

Nikamuuliza mama yake nani, ingawa nilishajua. Wamegawana kidevu.

"Huyo mnayemwita Mama Redio," akasema. "Mtoe kwenye hiyo filamu yako."

Mama Redio ndiye filamu, sitii chumvi. Wengine wote walikaa mbele ya kamera wakakauka kama wanapigwa picha ya kitambulisho. Yeye aliongea huku anachambua maharage, anacheka, anasengenya, anakwambia nani alimtoroka nani na kwa nini alifanya vizuri. Wenzake walimpa jina hilo kwa sababu hazimiki. Vidole vyake vya mikono yote miwili vimeliwa na vidonda vya miaka, vimebaki vifundo, na anavitumia kukunyooshea kama mwalimu mwenye fimbo.

"Alikubali mwenyewe," nikamwambia binti. "Nimemwonyesha yote, mwanzo mpaka mwisho. Alicheka mpaka akapaliwa."

"Najua alikubali. Yeye hana cha kupoteza."

"Na wewe unapoteza nini?"

Akanitazama kwa muda, kama anapima kama nafaa kuambiwa. Kumbe ndiyo kazi yake. Anapima macho ya watu kwenye duka la miwani.

"Jumamosi familia zinatambulishana," akasema. "Nimepata mchumba, fundi lifti. Kwao nimesema mama yangu alishafariki kwa presha. Upande wangu anakuja mama wa rafiki yangu, nimemwomba awe mama mdogo."

"Ulianza lini kusema amefariki?"

"Shule ya bweni. Siku ya wazazi ikifika, wenzangu wananiuliza mbona wewe haji mtu wako. Ukisema hawezi kuja, wanauliza kwa nini. Ukisema amekufa, hawaulizi tena, wanakugawia na biskuti." Akavuta koti lake. "Nimesema muda mrefu, dada. Siku hizi nalazimika kujikumbusha kwamba si kweli."

Hakulia. Ningependa alie. Mtu anayelia unajua umfanyie nini.

"Yeye anajua unachumbiwa?"

"Hajui. Na usimwambie. Kata tu."

Akashuka ngazi. Sikumwahidi kitu, lakini sikukataa pia, na nadhani yeye alichukua hilo kama ahadi.

Asubuhi nikampigia mkuu wa vipindi wa kituo cha televisheni kilichokubali kuonyesha filamu yangu. Ni mtu wa kuongea na simu huku anatafuna.

"Nikimtoa yule mama," nikamuuliza, "tukabaki na wale wengine, itakuwaje?"

"Wengine wepi?"

"Kuna yule mzee fundi viatu. Kuna kwaya."

Akaacha kutafuna. "Kwaya."

"Wanaimba vizuri."

"Dada yangu, mimi kwaya ninazo hapa kila Jumapili, zinanijia zenyewe. Nilichokubali ni yule mama. Mtu yule hata ukizima sauti unamsikia. Ukimtoa, usijisumbue kuja."

"Kuna mtu ataumia."

"Kwenye hizi filamu zako kuna wakati gani hakuna mtu anaumia?" akasema, na hakusema kwa ubaya. Alikuwa anauliza kweli. Nikakata simu.

Dada yangu alikuwa kwenye cherehani, pini mdomoni. Alisikia yote, maana nyumba yake ni ndogo na masikio yake makubwa.

"Mumeo aliondoka kwa ajili ya filamu hii," akasema. "Mpiga picha naye kakimbia. Sasa imeisha, unataka kuikata kiuno. Si ungeshona nguo tu kama mimi? Mimi nikikata, mtu ananishukuru."

Nikachukua mkoba nikaenda kule nyuma.

Unapita chumba cha kufulia mashuka ya wagonjwa, unapita jenereta, unafika kwenye geti ambalo halina kufuli kwa sababu hakuna anayetaka kuingia. Ndani kuna vyumba vya mstari, milango ya kijani. Mama Redio alikuwa amekaa kizingitini, miguu ndani ya beseni. Kila siku anailoweka, anaipaka mafuta, anaikagua nyayo kwa kioo kidogo. Miguu yake haina hisia. Inaweza kukanyaga msumari ikatembea nao siku nzima bila kumwambia.

"Umechoka, mwanangu," akasema kabla sijakaa. "Uso umeshuka kama soksi iliyolegea."

"Nimechoka, mama."

"Filamu imeungua?"

"Haijaungua." Nikakaa karibu naye. "Nataka kukuuliza. Nikikutoa kwenye filamu, utaumia?"

Aliacha kusugua miguu. Alinitazama, halafu akatazama mikono yake, halafu mimi tena.

"Usinikate," akasema. "Mimi nimekatwa vya kutosha."

Sauti yake haikupanda. Angefoka, ningejitetea.

"Nani kakutuma?" akauliza.

Kazi yangu kwa miaka yote hii ni kuwafanya watu waseme. Mimi mwenyewe, nikiulizwa, nafunguka kama begi bovu. Nikaanza kuzunguka: sijui kituo cha televisheni, sijui urefu wa kipindi. Akaniacha nizunguke mpaka nikachoka.

"Ni binti yangu," akasema.

"Ndiyo, mama."

"Huleta dawa na sabuni, anamwachia mlinzi wa hospitali, anaondoka. Mimi nazijua hatua zake, huwa natazama dirishani. Kakuambia nini?"

"Ana shughuli Jumamosi, ndiyo maana—" Nikajiuma ulimi. Nilishachelewa.

"Shughuli gani?"

Nikasema. Nilisema nikitazama beseni. Maji yalitulia kabisa, na nikajua hapumui.

"Kijana anafanya kazi gani?" akauliza baadaye.

"Fundi lifti."

"Hizi zinazopandisha watu ghorofani?"

"Ndizo."

"Kazi nzuri." Akaitoa miguu majini, akaanza kuifuta, mmoja, halafu mwingine. "Na wakwe wanasemaje kuhusu mimi?"

"Mama..."

"Wewe sema. Umeshaanza."

"Wanadhani umefariki."

"Nilikufa na nini?"

"Presha. Ndivyo alivyosema kwao."

"Presha," akarudia. "Mimi sijawahi kuwa na presha. Manesi wenyewe wananipima wanashangaa." Akacheka, lile cheko lake ambalo kwenye filamu linamfanya kila mtu acheke naye. Safari hii lilikatika katikati. "Angesema hata ajali," akasema.

Nikamsaidia kumwaga maji, nikaondoka.

Kesho yake nilikwenda dukani kwa binti kumwambia ukweli: mama yako amekataa, kituo kimekataa, na mimi nimechoka, amueni wenyewe. Nilikuwa nimeipanga hotuba njia nzima.

Nilimkuta na mteja. Mzee mnene, kidevu kwenye ile mashine ya kupimia macho, anasoma herufi za ukutani kwa sauti inayosikika mtaa wa pili. Binti aliponiona mlangoni akapauka.

"Nani huyo?" mzee akauliza bila kutoa kidevu.

"Ni... rafiki yangu, baba," binti akasema. "Anapiga video za sherehe."

Nimewahi kuitwa mengi katika kazi hii. Hilo lilikuwa jipya.

Mzee akatoa kidevu kwenye mashine. Ndiye baba wa mchumba. Kazi yake ni kunadi vitu mnadani, na watu wote humwita Mzee Mnada, hata mkewe.

"Video za sherehe? Na hukuniambia? Mwanangu, yule kijana tuliyempanga ametuangusha jana tu. Anasema amepata harusi ya mtu mkubwa." Akanigeukia. "Jumamosi, asubuhi ya saa nne, nyumbani kwangu. Unakuja?"

Nilimtazama binti. Alikuwa anatikisa kichwa kidogo sana, kama mtu mwenye inzi sikioni.

"Mara ya kwanza," akasema Mzee Mnada. "Mara ya pili."

"Nitakuja," nikasema.

Akagonga meza kwa kiganja. "Imekwenda."

Kwa nini nilikubali? Nimejiuliza. Ningekataa ningelazimika kueleza, na kueleza kulikuwa kumenishinda. Halafu nilifikiri, basi, nikimfanyia binti video yake nzuri, pengine tutaongea vizuri kuhusu ile nyingine.

Jioni nikampigia Mama Redio. Hakuna aliyenituma. Nilishindwa tu kukaa na jambo hilo peke yangu. Nikamwambia kwamba Jumamosi nitakuwa humo ndani, na kwamba nitamletea picha ya binti yake amevaa vizuri.

Alikaa kimya. Kimya cha mtu yule kinatisha, unadhani simu imekatika.

"Si ulisema mpiga picha wako kakuacha?" akauliza. "Taa atashika nani?"

"Nitaifunga kwenye stendi."

"Stendi ile inaanguka. Nimeiona ikianguka. Nitashika mimi."

"Mama, haiwezekani."

"Nina glavu nyeupe nilizopewa na wageni wa hospitali. Utasema taa inachoma, ndiyo maana nimevaa. Nitasimama nyuma yako. Mtu akipiga picha, nani anamtazama anayeshika taa?"

"Na ukishindwa kunyamaza?"

"Hata redio inazimwa, mwanangu."

Nikasema hapana. Nikasema hapana tena. Ndipo akaweka mezani kitu ambacho sikukitegemea.

"Sikiliza. Nikimwona siku hiyo, amekaa na watu wake, nikarudi zangu kimya, basi nikate. Nitoe kote, hata pale kwenye kwaya ninapopita kwa nyuma. Yeye apate anachotaka."

"Na filamu?"

"Filamu ni yako. Wewe ndiye utajua."

Nilikuwa nimelala chali kitanda cha chini, natazama mbao za kitanda cha juu, mahali watoto wa dada walipobandika picha za wachezaji mpira. Nikaona hesabu ilivyo. Binti atapata siku yake, mama atamwona mwanawe, mimi nitapoteza filamu, ambayo ilishaninyang'anya kila kitu kingine. Katika watu watatu, wawili kupata si haba.

Nikamwambia sawa.

Wiki zote hizi nimewasimulia niliyotendewa. Hili nililitenda mimi.

Jumamosi asubuhi nilimpitisha kwa dada. Dada alimpa gauni refu la kijivu, akakaza kiuno kwa pini, akashona pale pale mwilini. Alipofika kwenye vifungo vya mikono akaona mikono. Nilisubiri. Dada yangu ana mdomo. Lakini alifunga vifungo kimya, kimoja kimoja, halafu akamvalisha glavu na kujaza pamba kwenye ncha za vidole ili zikae kama vidole.

"Umependeza, mama," akasema.

"Nimependeza kama maiti," akajibu Mama Redio. "Ndivyo inavyotakiwa."

Dada alicheka, halafu akaingia jikoni na hakutoka mpaka tulipoondoka.

Nyumba ya Mzee Mnada imejaa vitu visivyojuana. Saa za ukutani nyingi, kila moja na muda wake. Kinanda ambacho hakuna anayekipiga. Sofa za rangi tofauti, kila moja na historia yake ya mnadani, na mwenye nyumba alinisimulia zote wakati natafuta pa kuchomeka waya. Mkewe, mama wa mchumba, ni mwanamke mdogo wa umbo, mpole, anayetembea nyuma ya mumewe akirudisha vitu mahali pake.

"Na huyu mama?" akaniuliza.

"Msaidizi wangu. Anashika taa."

"Karibu, mama. Glavu hizo, mikono inakuuma?"

"Taa inachoma," akasema Mama Redio, na akafunga mdomo. Nikaona shingo ikifanya kazi kuuzuia.

Ndipo binti akatoka chumba cha ndani, gauni la rangi ya machungwa, nywele juu, fundi lifti kando yake. Kijana mrefu, mwenye aibu, tai imembana.

Alimwona mama yake mara moja. Mtu mwingine angeanguka. Yeye alisimama tu, mkono kwenye mgongo wa sofa.

Mama Redio ndiye aliyeanza. "Hujambo, dada," akamwambia mwanawe. "Hongera."

"Asante, mama," binti akajibu.

Hakuna aliyeshtuka. Kila mtu mle ndani alikuwa anamwita hivyo tangu alipoingia, mama, mama, kama mtu anavyomwita mwanamke yeyote aliyemzidi umri. Lakini mimi niliona taa ikishuka kidogo, halafu ikarudi juu.

Nikamvuta binti pembeni nimbandike kipaza sauti kidogo kwenye ukosi wa gauni. Pini haikukaa mara ya kwanza.

"Umenifanyia nini?" akanong'ona. Midomo haikusogea.

"Ameahidi kunyamaza. Baada ya leo namkata. Ndivyo tulivyokubaliana."

"Yule? Anyamaze?"

"Ameahidi."

Akafumba macho. Nilingoja matusi. Alipofumbua akasema, "Amekula chochote asubuhi?"

"Sijui."

Akaondoka. Muda mfupi baadaye msichana wa jikoni akaleta chai na mkate kwa "mama wa taa", akasema ametumwa.

Shughuli ikaanza. Niliweka spika za masikioni nikawa nasikia kila kitu: mkufu wa binti ukigusa kipaza sauti, tumbo lake likinguruma, pumzi yake. Upande wa kijana walikaa wengi, wamejaa mpaka kwenye mikono ya sofa. Upande wa binti alikaa mama mdogo wa kuazima, peke yake, amekumbatia mkoba.

Mzee Mnada alisimama akatambulisha watu wake mmoja mmoja kwa sauti ile ya kazini, mpaka ukaona kama wote wanauzwa. Halafu akamgeukia yule mama mdogo.

"Sasa shemeji, tuambie kidogo kuhusu marehemu dada yako. Tungependa kumjua mama aliyetuzalia mkwe. Alikuwa mtu wa namna gani?"

Yule mama hakuwa ametayarishwa kwa swali hilo. Alifungua mkoba, akaufunga.

"Alikuwa mpole," akasema. "Mtu wa maneno machache sana."

Mwanga ukacheza ukutani. Sikuthubutu kugeuka. Nilimsikia nyuma yangu akimeza kitu, na sikujua ni kicheko au ni nini.

"Ndiyo maana binti naye ametulia," akasema Mzee Mnada, ameridhika. "Jamani, mimi sijapata bahati ya kumwona mama huyu. Lakini haiwezekani tukala na kunywa juu ya mtoto wake kama vile hakuwepo. Naomba tusimame. Tumkumbuke kwa ukimya."

Wakasimama wote. Sofa zilikoroma. Mzee akainamisha kichwa, mkewe akakunja mikono, fundi lifti akamshika mchumba wake bega.

Mama Redio alikuwa ameshasimama. Akainamisha kichwa na yeye.

Nimepiga picha misiba, nimepiga picha watu wakibomolewa nyumba. Sijawahi kuona dakika ndefu kama ile. Kwenye masikio yangu pumzi ya binti ilikuwa inaenda haraka haraka, kama mtu anayepanda ngazi. Nilipaswa kuzima kamera. Betri ingeweza kwisha, ningeweza kusema waya umekatika, uongo ulikuwa umejaa mle ndani, mmoja zaidi usingeonekana. Sikuzima. Nilivuta picha karibu na uso wa binti.

"Aminini," akasema Mzee Mnada, "mimi namwona kama yuko hapa." Macho yake yalilowa. Ni mtu mwema, jambo ambalo lilizidi kuniumiza. "Mama watoto, lete kile kiti."

Mkewe akaingia ndani, akarudi na kiti cha mgongo mrefu, cha mbao nyeusi, kama cha hakimu. Akakipangusa kwa upande wa kanga yake, akatandika kitambaa cheupe juu yake, akakiweka kando ya binti.

"Hiki ni cha marehemu," mzee akatangaza. "Kwenye picha ya familia kitakaa kitupu, hapo, karibu na mwanawe. Hata wajukuu wakiuliza baadaye, tutawaambia bibi yenu alikaa hapa. Mpiga video, tuchukue."

Watu wakajipanga. Wafupi mbele, watoto chini. Kiti katikati, kitambaa cheupe kinang'aa. Binti aliketi wima kando yake, hakukitazama.

"Mwanga kidogo kushoto," nikasema, kwa mazoea tu.

Mwanga haukwenda kushoto.

Niligeuka. Mama Redio alikuwa anamkabidhi taa mama wa mchumba, aliyesimama karibu naye akisubiri kujipanga. Yule mama aliipokea bila kufikiri, kama unavyompokea mzee mzigo. Halafu Mama Redio akapita mbele ya kamera yangu.

Anatembea taratibu. Miguu isiyohisi sakafu inabidi iongozwe kwa macho, na yeye aliiongoza, hatua kwa hatua, juu ya zulia, kati ya watoto waliokaa chini. Mtoto mmoja akasogea kumpisha. Watu walidhani anakwenda kunyoosha kitambaa.

Akaketi kwenye kiti.

Akakaa vizuri, mgongo umenyooka, mikono mapajani. Chumba kikatulia isipokuwa zile saa za ukutani.

"Mama," akasema Mzee Mnada, kwa upole kabisa, "samahani. Hicho kiti ni cha marehemu."

"Najua, baba," akasema Mama Redio. Akaipeleka glavu ya kulia mdomoni, akaishika kwa meno, akaanza kuivua.

Mwanga ulikuwa juu yao, umetulia. Mama wa mchumba alikuwa ameshika taa kwa mikono miwili na alikuwa hatikisiki.

Fundi lifti hakutazama ile mikono. Alimgeukia mchumba wake, akainama karibu na ukosi wa gauni lake, na mle chumbani ni sisi wawili tu, yeye binti na mimi mwenye spika masikioni, tuliosikia alichomuuliza.

"Unamjua huyu mama?"

Nikasikia binti anavuta pumzi.